Habari za nyumba yao zisiwafuate hadi uzeeni: barua ya wazi kwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi na TCRA

Kwa Mkurugenzi Mkuu, Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi
Kwa Mkurugenzi Mkuu, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA)
Nakala kwa mawaziri wenye dhamana ya mawasiliano na ya maendeleo ya watoto

Waheshimiwa,

Nawaandikia kuomba jambo moja. Mtoto ambaye habari zake zimewekwa mtandaoni na watu wa nyumbani kwake apate njia yake mwenyewe ya kuomba ziondolewe, hata kama mzazi aliyezisimulia hajabadili mawazo, na hata kama yaliyosimuliwa ni kweli tupu. Mengine yote nitakayosema hapa yanazunguka ombi hilo.

Mimi ni mwalimu wa sekondari mkoani Tanga. Nafundisha Kiswahili, na juu ya vipindi vyangu nimepewa jukumu la malezi na ushauri. Wanafunzi huniletea mambo ya kawaida ya umri wao: mapenzi, ugonjwa, ugomvi wa bwenini, baba aliyehama nyumba. Miaka ya karibuni limeingia jambo ambalo vyuo vya ualimu havikutuandaa nalo. Mtoto anakuja kukaa mbele yangu kwa sababu mambo ya kwao yako kwenye simu za watu.

Mmoja wao ni binti wa kidato cha pili. Kisa chake nakieleza kwa ruhusa yake na ya mama yake, na nimeacha yote yanayoweza kumtambulisha. Baba yake alimkana tangu akiwa tumboni. Miaka ikapita, mama akachoka kulea peke yake, akaenda kwenye TV moja ya mtandaoni kueleza yaliyomkuta. Alisema kweli. Jina la ukoo likatajwa, vipimo vya vinasaba vikatajwa, na picha ya binti akiwa na sare ya shule ya msingi ikabandikwa pembeni ya uso wa mama.

Shuleni kwetu simu haziruhusiwi, lakini video ile haikuhitaji simu kufika bwenini. Wenzake waliitazama likizo. Waliishika kwa kichwa sentensi moja ya mama, ile aliyoitamka huku analia, na usiku taa zikishazimwa mmoja huianza, mwingine huimalizia, kwa sauti ile ile na kwikwi zile zile. Binti hakuja kwangu kumlaumu mama yake. Anampenda, na anajua kwa nini alikwenda. Alikuja kuniuliza kama mtu anaweza kubadilisha jina la ukoo kabla majina hayajapelekwa kwa ajili ya upimaji wa kidato cha pili.

Mama alipompigia mtangazaji kumwomba aishushe video, alijibiwa kwamba kazi ikisharuka imeruka. Na hata angekubali, vipande vifupi vilikuwa vimekwishakatwa, vikatiwa muziki wa huzuni, vikasambazwa na akaunti zisizo na jina la mtu.

Wengi wenu mnajua TV za mtandaoni zinavyofanya kazi, ila naomba niieleze kazi hiyo kama inavyoonekana ukiwa ndani ya nyumba inayotembelewa. Kijana anafika na kamera ndogo na maiki yenye nembo. Anawahi. Aghalabu maturubai ya msiba bado hayajafunguliwa, au mgonjwa ameruhusiwa hospitali asubuhi hiyo hiyo. Anasalimia vizuri, anatoa pole, anawaita wakubwa mama na bibi, anauliza nani msemaji wa familia. Kisha anaanza: "Mama, hebu tuambie, siku hiyo ilikuwaje?" Hakuna karatasi inayosainiwa. Hakuna anayemweleza bibi kwamba maneno yake yatatazamwa Mombasa, Muscat na Minnesota saa hiyo hiyo, na kwamba yatakuwepo bado siku ambayo mjukuu anayecheza nyuma yake atakuwa anatafuta kazi au mchumba. Bibi anaongea kama anavyoongea na mgeni aliyekuja kumpa pole, kwa kuwa kijana aliingia kwa mlango huo. Jioni kichwa cha habari kinasomeka: BIBI AFUNGUKA MAZITO.

Sisemi kwamba vijana hawa wana roho mbaya. Wapo ninaowafahamu wanaozima kamera mtoto akipita, na wapo waliofundishwa kazi wakaijua. Lakini kipato chao kinatokana na watazamaji, na machozi ya nyumba ya mtu yanatazamwa kuliko kikao cha baraza la madiwani. Mpaka wa kazi yao haupaswi kuachwa kwenye huruma ya kijana mmoja mmoja.

Sheria tunayo. Ibara ya 16 ya Katiba yetu ya mwaka 1977 inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa na kupata hifadhi ya nafsi yake, maisha yake binafsi na familia yake. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, Na. 11 ya mwaka 2022, ilianza kutumika Mei 1, 2023, na Tume yenu ilizinduliwa na Rais Samia Suluhu Hassan Aprili 3, 2024. Sheria hiyo inazihesabu taarifa za watoto na za afya miongoni mwa taarifa nyeti. Niliisoma yote, kwa furaha, nikifikiri nimepata cha kumwambia binti yule.

Nilichokiona ni sheria iliyoandikwa kwa kumtazama mkusanyaji wa taarifa akiwa benki, kampuni ya simu, hospitali au mkopeshaji wa mtandaoni, na ikamtazama mzazi kama mlinzi wa mtoto. Katika mambo mengi mzazi ni mlinzi kweli. Lakini pale mzazi mwenyewe ndiye aliyeongea, ulinzi huo unageuka kuwa ruhusa. Mtangazaji atasema mama yake alikubali, tena alikuja mwenyewe, na atakuwa anasema kweli. Mtoto anabaki kwenye habari yake akiwa hana pa kusimama.

Kuna tatizo la pili, nalo ni gumu zaidi. Mtu akisemwa uongo, tunajua pa kuanzia: atadai isahihishwe, ataomba ifutwe, ataweza hata kwenda mahakamani. Watoto wanaokuja kwangu hawajasemwa uongo. Ni kweli baba alimkana. Ni kweli dada alikuwa na ugonjwa ule. Ni kweli kaka alifungwa. Hawaombi isahihishwe, wanaomba isiwe kitu cha kwanza ambacho kila mtu mpya wanayekutana naye anakijua. Wazee wetu walikuwa na namna ya kumpa mtu stara: jambo lilijulikana mtaani, watu wakalinyamazia, na mtoto akikua likawa limezama. Mtandao hauna kitu kinachozamisha. Kinachoweza kufanya kazi hiyo sasa ni kanuni, na kanuni hiyo mko mahali pa kuiandika ninyi.

Tazameni jinsi mambo haya yalivyokaa. Muuguzi akitangaza hali ya VVU ya mtoto nje ya chumba cha ushauri nasaha, anavunja sheria ya VVU na UKIMWI ya mwaka 2008. Mahakama ya Watoto, iliyowekwa na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, hukaa faragha. Lau mama wa binti yule angepeleka dai la matunzo kwenye mahakama hiyo, shauri lote lingesikilizwa bila watazamaji. Mambo yale yale, ya mtoto yule yule, yakisemwa mbele ya kamera barazani, yanakuwa mali ya umma milele. Nchi yetu imekwishakubali kwamba mambo haya ni ya kusitiriwa. Imesahau mlango mmoja tu, na sasa wote wanapita hapo.

Na lazima niseme kwa nini wanapita hapo, maana bila hilo barua hii itakuwa inawaonea akina mama. Mama yule alianza kwenye ofisi ya ustawi wa jamii. Alikwenda zaidi ya mara moja. Baba aliandikiwa wito, hakuja. Ukaandikwa mwingine, hakuja. Video iliporuka, baba alipatikana ndani ya wiki, na matunzo ya mtoto yakaanza kutolewa. Kamera ilifanya ambacho ofisi haikufanya. Ukimwambia mama huyo kwamba alikosea kwenda kule, atakuuliza aende wapi, na utakosa jibu. Kila afisa ustawi anayekaa na faili miezi bila kulifungua anampelekea mtangazaji mtu wa kumhoji. Mawaziri niliowapa nakala ya barua hii, sehemu hiyo inawahusu ninyi.

Tena nisieleweke kuwa nataka watu wanyamaze. Nimeishi na ukimya wa familia na najua unachofanya. Wamo wanafunzi wangu walioumizwa na mjomba, na nyumba nzima ikakaa kimya kulinda jina la ukoo. Mficha maradhi kifo humuumbua, na mara nyingi anayeumbuliwa ni mtoto asiyeficha chochote. Watu wamejitokeza mtandaoni wakasimulia walivyopigwa, walivyokeketwa, walivyoozwa wakiwa wadogo, na wengine wakapata ujasiri kwa kuwasikia. Mtu mzima anayesimulia maisha yake mwenyewe asiguswe na kanuni yoyote ninayoiomba hapa, hata kama habari yake inawaudhi wakwe, wazazi au wakubwa.

Nalisema hili kwa msisitizo kwa sababu nchi hii ina kumbukumbu ya kanuni za maudhui zilizowatia watu woga wa kusema. Kanuni za Maudhui ya Mtandaoni, za mwaka 2018 na kisha za 2020, zilipokelewa na wengi kama kamba ya kuwafungia wakosoaji. Ninachoomba kisiwe kamba nyingine. Haki ya kuomba habari iondolewe iwe ya mtoto aliyesimuliwa, basi. Isiwe ya afisa, isiwe ya mwanasiasa, isiwe ya baba anayetuhumiwa. Baba akitaka video ishushwe kwa kisingizio cha kumlinda mtoto, jibu liwe kwamba uso, jina, sauti na shule ya mtoto vitaondolewa, na tuhuma dhidi yake zitabaki. Kosa la mtu mzima linaweza kusimuliwa bila kumwanika mtoto. Inahitaji saa moja ya ziada kwenye meza ya mhariri.

Majirani zetu wameanza. Kenya, kwa Sheria yao ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, iliitoza shule moja faini ya shilingi 4,550,000 za Kenya mwezi Septemba 2023 kwa kuchapisha picha za watoto bila idhini ya wazazi. Ilikuwa hatua nzuri, na shule nyingi ziliamka. Lakini pale bado idhini ya mzazi ndiyo iliyokuwa kipimo. Ufaransa wamekwenda mbele zaidi. Sheria yao ya Oktoba 2020, iliyotungwa kwa ajili ya watoto wanaoonyeshwa kwenye video za mtandaoni, inamruhusu mtoto kudai mwenyewe kufutwa kwa taarifa zake bila kuhitaji idhini ya wazazi. Februari 2024 wakaongeza nyingine inayowataka wazazi wote wawili kulinda kwa pamoja haki ya picha ya mtoto wao, na kumshirikisha mtoto kwa kadiri ya umri wake. Hatuhitaji kunakili kila kitu chao, maana familia zetu hazijakaa kama zao. Huku mtoto huweza kulelewa na bibi, shangazi na mama mdogo kwa zamu, na kila mmoja akajiona ana haki ya kumsemea. Hiyo ni sababu ya mtoto wetu kuhitaji njia yake mwenyewe kuliko hata mtoto wa Ufaransa.

Ikiwa mtakubali, naomba njia hiyo iwe fupi. Iwe fomu ya ukurasa mmoja, kwa Kiswahili, isiyo na malipo, inayopatikana kwenye ofisi ya kata na kwa mwalimu wa malezi wa kila shule. Mtoto aijaze akisaidiwa na mtu mzima anayemwamini, awe mwalimu, afisa ustawi au ndugu, na asilazimishwe kuleta sahihi ya mzazi yule yule aliyemsimulia. Akifikisha miaka 18 aijaze peke yake, hata kwa habari zilizowekwa akiwa bado ananyonya. Asitakiwe kuthibitisha uongo. Itoshe kuonyesha kwamba anatambulika, na kwamba alikuwa mtoto.

Kazi ya kuwafuata YouTube, TikTok na Meta isibaki kwa mtoto. Kampuni hizo zina taratibu zao za malalamiko ya faragha, nami nimejaribu kuzipitia na mwanafunzi kando yangu. Unaulizwa uweke kiungo cha kila video, moja moja. Wakati unaandika cha kwanza, vingine vinaongezeka. Taasisi ya Serikali yenye wataalamu na barua rasmi inaweza kupeleka maombi kwa mkupuo na kuyafuatilia hadi mwisho. Mtoto wa kidato cha pili, anayeazima simu ya shangazi yake siku za likizo, hawezi.

Kwa TV za mtandaoni, TCRA mnayo leseni mkononi. Liwe sharti la leseni kwamba mtoto asionyeshwe uso wala kutajwa jina na shule katika habari za ugomvi wa wazazi, ugonjwa, ubakaji au msiba. Kila chaneli iweke wazi namba ya mtu wa kupokea maombi ya kuondoa, na mtu huyo awe anapokea simu. Kabla ya mahojiano yanayomgusa mtoto, msimuliaji aelezwe kwa Kiswahili cha kawaida video itakwenda wapi na itakaa muda gani, na maelezo hayo yarekodiwe. Chaneli ikibadilisha mmiliki, wajibu uhamie kwa mmiliki mpya.

Lipo suala la michango ya matibabu, ambalo linaniuma kwa namna ya pekee. Tunaijua picha hiyo: mtoto kavuliwa shati, uvimbe au jeraha liko mbele ya kamera, na chini namba ya simu ya kutuma mchango. Watu hutoa. Watanzania wanatoa hata wasichokuwa nacho, na watoto wamepona kwa michango hiyo. Sitaki mchango hata mmoja uzuiwe. Lakini mtoto akipona, picha haiponi. Nimemwona mvulana mwenye afya njema, mkimbiaji hodari wa mita 400, ambaye picha yake ya utotoni bado inazungushwa, ikiwa na namba za matapeli zilizoandikwa juu ya namba ya mama yake. Watu wanachangia matibabu ya ugonjwa uliokwisha zamani, na yeye akipita sokoni anaulizwa na watu wema kama amepata nafuu. Tangazo la mchango liwe na tarehe ya mwisho. Aliyelirusha alishushe lengo likitimia au tarehe ikipita. Na mwili wa mtoto ufunikwe tangu mwanzo. Maelezo ya daktari yanatosha kumgusa mwenye moyo wa kutoa.

Makundi ya ukoo ya WhatsApp sitaki myaguse. Huko mjomba ataendelea kutuma picha ya mgonjwa akiwa na mirija puani, na ndugu walioko Oman au Marekani wataendelea kufuatilia maziko kwa video kwa kuwa hawakuweza kupanda ndege. Hayo tuyaseme wenyewe kwa wenyewe, wakubwa wawakanye wadogo na mara nyingine wadogo wawakanye wakubwa. Serikali ikiingia kwenye kundi la ukoo itatoka na zaidi ya ilichokifuata.

Mnaweza kuniambia kwamba haya yanahitaji marekebisho ya sheria, na Bunge lina ratiba yake. Mengine ni kweli yanahitaji. Lakini sharti la leseni halihitaji kusubiri Bunge, na mwongozo wa Tume kuhusu taarifa za watoto zinazotolewa na jamaa zao hauhitaji kusubiri Bunge. Fomu ya ukurasa mmoja inaweza kuandikwa na ofisa mmoja kwa siku moja.

Kabla hamjaandika chochote, naomba muwasikilize wanaohusika. Wilaya zetu zina mabaraza ya watoto, na viongozi wake wanajua kujieleza kuliko sisi tunavyodhani. Waiteni pamoja na wale waliokwishavuka miaka 18 ambao habari zao ziliwekwa wakiwa wadogo, muwaulize wangetaka njia hiyo iweje. Niko tayari kuwaleta wangu, kwa ridhaa yao, wakati wa likizo ili wasikose vipindi. Ombi langu kuhusu kikao hicho ni kwamba kisirekodiwe wala kisirushwe mubashara, na kwenye taarifa ya kikao waandikwe kwa umri na wilaya tu.

Wenu katika kulea,

Mwalimu wa malezi na ushauri,
Shule ya sekondari, Tanga